Mwanzo wa Reli

Mjomba Ntamagiro alirudi na ramani
aliyoinunua Minsk kwa bei ya mkate:
nchi nzima nyekundu,
kama mawese yaliyomwagika mezani
yakatafuta ukingo yakaukosa.
Tuliibandika sebuleni, Mwanga,
pale wenzetu wanapotundika kalenda ya benki.

Desemba ile redio ilipokohoa habari
hakusema neno. Aliazima kalamu zangu za rangi,
akapanda kigoda, akaanza kuikata nchi:
Latvia kijani, Turkmenia njano,
bluu ikamwishia katikati ya Ukraina,
akamalizia kwa mkaa.
"Kumi na tano," akasema, akishuka.
"Na wengine ni wachache kuliko sisi."

Chama kilizaliwa kwa Bukuru fundi baiskeli,
watu tisa, viti vitatu, taa ya chemli.
Hatukutaka bendera. Wala jeshi;
jeshi la nini, na mgambo wetu hata filimbi hana?
Tulitaka ushuru wa migebuka ujenge walau choo cha stesheni,
hakimu amsikie bibi kwa Kiha
bila kusubiri karani aamke.
Na yule bwana wa ukaguzi, treni ikifika Tabora,
aache kutuchambua behewani kama mchele:
"Wewe! Babu yako kazikwa wapi?"
Mgombani, afande, nyuma ya nyumba, Heru Juu.
Akaandika: haijulikani.

Jina alilitoa Bi Nsabiyumva, muuza mawese,
aliyekuwa amesinzia tangu magharibi:
"Wanatuita mwisho wa reli.
Kwani treni ikiondoka hapa, inaanzia wapi?"
Tukaandika: Chama cha Mwanzo wa Reli.

Mpiga chapa nilikuwa mimi, miaka kumi na sita,
mashine ya misheni, herufi H imeng'oka.
Nikachapa *aki*, nikachapa *uuru*, nikachapa *Waa*,
kisha nikakesha na kalamu ya wino
nikizirudisha H moja moja
nakala arobaini, mpaka kidole kikaota sugu.

Jibu la Dar es Salaam lilikuwa fupi, la adabu.
Chama hakiwezi kuwa cha upande mmoja wa nchi.
Leteni wanachama mia mbili,
mikoa kumi, na visiwani msisahau.
Mjomba alicheka hadi akakaa chini.
"Ili tuseme sisi ni wa hapa,
kwanza tuthibitishe tuko kila mahali."

Lakini tulikuwa kila mahali!
Ruhwanya alipanda daraja la tatu na daftari,
akawakuta Tanga, akawakuta Morogoro,
wazee walioondoka manamba wakiwa vijana
wakasahaulika katikati ya mistari ya mkonge.
Mwakeye, aliwaambia, na wengine wakalia
kwanza, ndipo wakauliza chama ni nini.
Hawakujua kuandika. Wakatia dole gumba.
Visiwani alimpata mpishi mmoja,
akasema angetia, ila mkewe hapendi fujo.

Daftari likarudi limegongwa muhuri.
Dole hizi, ilisema barua, zinatia shaka:
hazina mistari. Zote zinafanana.
Huenda ni za mtu mmoja.

Miaka thelathini ya kushika singa
ilikuwa imewala vidole hadi laini.
Mtu mmoja! Labda walisema kweli
pasipo kujua.

Mjomba hakukata rufaa. Jioni alishuka stesheni,
akalipa ziwa mgongo pale reli inapogota,
akaanza kuhesabu mataruma kuelekea mashariki:
moja, mbili, tatu,
mlinzi akamfukuza akiwa arobaini na kitu.

Ramani ililiwa na mchwa, wakaanzia Siberia.
Mimi nimebaki na nakala moja ya katiba.
Jana niliifungua. Ukurasa wa tatu, kifungu cha pili,
niliruka H moja:
*Wananchi wote wana aki*.
Kalamu ninayo. Bado sijaijaza.